Zimwi tumelikamata, mwizi tumemwachia

 

Ndugu Waislamu, ni zaidi ya miaka ishirini sasa wazazi wa Kiislamu, kuanzia nchi za Ghuba hadi huku mwambao kwetu, wamekuwa wakiulizana juu ya mchezo mmoja wa Kijapani uitwao Pokémon. Swali ni lile lile: je, inafaa mtoto kuucheza? Wapo waliokataza, wapo walionyamaza, na wapo wanaokataza mchana na kunyamaza usiku, mtoto anapojifunika shuka pamoja na simu. Lakini katika mazungumzo yote hayo kuna swali la pili ambalo ni nadra kulisikia barazani au msikitini: mchezo huo umefikaje ndani ya simu ya mtoto? Umenunuliwa, au umenakiliwa bila ya ridhaa ya mwenyewe? Nakusudia leo kulipa swali hili la pili haki yake, kwani naona ndilo zito zaidi. Ila hatuwezi kulifikia bila ya kupita kwenye lile la kwanza.

Wanazuoni wa usuli wametufundisha kwamba kulihukumu jambo ni tawi la kulifahamu. Basi na tulifahamu. Mchezo wa Pokémon ulitoka kwa mara ya kwanza nchini Japani tarehe 27 Februari 1996, ukiwa ndani ya vikasha vidogo vya plastiki vinavyochomekwa katika mashine ya mkononi iitwayo Game Boy, ya kampuni ya Nintendo. Mbunifu wake, Satoshi Tajiri, alizaliwa mwaka 1965 na kukulia Machida, pembezoni mwa Tokyo, ambako utotoni alipenda sana kukusanya wadudu. Mashamba na vidimbwi vilipogeuzwa majumba na barabara, wadudu wakatoweka. Alipokuwa mtu mzima akatamani watoto wa mjini waonje ile furaha ya kutafuta kiumbe, kukikamata na kukifuga. Hicho ndicho kiini cha mchezo wenyewe. Mchezaji huzunguka katika nchi ya kubuni, hukamata viumbe vya ajabu, huvilea vikakua, hubadilishana na wenzake, na huvishindanisha. Viumbe vya mwanzo vilikuwa 151. Leo vimepita 1,000. Jina lenyewe ni kifupisho tu cha maneno yenye maana ya mazimwi ya mfukoni.

Mwezi Machi 2001, aliyekuwa Mufti Mkuu wa Saudi Arabia, Sheikh Abdul Aziz Aal Sheikh, alitoa fatwa ya kuuharamisha mchezo huo pamoja na kadi zake. Miongoni mwa sababu zilizotajwa ni kamari iliyomo katika kadi, alama zilizodaiwa kuwa za Kizayuni na za dini nyingine, na fundisho la viumbe kugeuka kutoka umbo moja hadi jingine, ambalo lilifananishwa na nadharia ya Darwin. Mwaka 2016, ulipotoka mchezo wa simu wa Pokémon Go na vijana wakaanza kuzurura mabarabarani wakitafuta viumbe visivyoonekana ila kwenye kioo, fatwa hiyo ilirudi tena midomoni mwa watu.

Fatwa ya mwanachuoni huheshimiwa, na kuiheshimu ni pamoja na kuzipima sababu zake. Hili la kamari lina nguvu. Watoto wakicheza kadi kwa sharti kwamba atakayeshindwa ataitoa kadi yake, hiyo ni maisiri iliyokatazwa katika Sura al-Maida, hata kama kadi ina picha ya sungura. Tena matoleo ya awali ya mchezo wenyewe yalikuwa na ukumbi wa mashine za kamari ambamo mtoto alijifunza kutia sarafu na kungoja bahati. Katika matoleo ya baadaye ukumbi huo ukaondolewa. Kwa hiyo mzazi aliyesema kwamba haya ni mambo ya watoto tu alikuwa hajatazama. Ama hilo la viumbe kugeuka, mimi naona lilitokana na jina zaidi kuliko jambo. Ndani ya mchezo kiumbe kimoja hubadilika umbo katika uhai wake mwenyewe, kama kiwavi anavyokuwa kipepeo na kiluwiluwi anavyokuwa chura, na hizo ni ishara za Mwenyezi Mungu tunazoziona kwenye madimbwi yetu kila masika. Kuhusu alama na uvumi ulioenea katika baadhi ya nchi za Kiarabu wakati ule, kwamba jina la mchezo lina maana ya siri ya kuusifu Uyahudi, maana yake nimekwisha kuitaja hapo juu, na aya ya 6 ya Sura al-Hujurat inatuamrisha kuthibitisha habari kabla ya kuwadhuru watu kwa ujinga.

Je, kiumbe cha kubuni chenyewe ni kosa? Imepokewa na Abu Daud kwamba Mtume (S.A.W.) aliona katika vichezeo vya Bibi Aisha (R.A.) farasi mwenye mbawa mbili za vipande vya nguo. Akamuuliza, farasi na mbawa? Naye akajibu kwamba amesikia Nabii Suleiman alikuwa na farasi wenye mbawa. Mtume akacheka mpaka yakaonekana magego yake. Na yule mtoto Abu Umair aliyekuwa na kindege chake, Mtume alikuwa akimtania kwa kumuuliza habari zake, na kilipokufa alimhurumia. Hiyo ndiyo dini yetu na watoto. Linalonitia wasiwasi mimi ni hili la kuvipiganisha viumbe, kwa sababu imepokewa katazo la kuwachochea wanyama wapigane. Na ingawa picha haiumii, moyo hujifunza. Hata hivyo siwezi kusema haramu pale ambapo sina dalili. Mtoto akilinda sala zake, masomo yake na usingizi wake, na kamari ikawekwa mbali, mimi simkatazi. Wala simsifu.

Basi tumelimaliza zimwi. Tuje kwa mwizi.

Mwaka mmoja, baada ya darsa ya akina mama, alinisogelea mama mmoja mwenye watoto wanne. Akaniambia, "Sheikh, yale mazimwi nimewafutia yote kama ulivyotuonya tuwe na hadhari. Sasa kijana wa kibandani kamjazia mwanangu magemu ya magari na mpira, mia nzima, kwa bei ya soda mbili." Alikuwa amefarijika kabisa. Nilipomuuliza kama yule kijana wa kibandani ana ruhusa ya wenye michezo hiyo, alinitazama kama niliyemuuliza kama mvua ina ruhusa ya kunyesha. Sikumlaumu, kwa sababu hakuna mtu aliyewahi kumwambia kuwa hapo pana swali. Sisi wenyewe juu ya mimbari tumekemea picha, tumekemea muziki, tumekemea mazimwi, na mtoto amekua akijua kwamba kitu kichafu ni kile kinachoonekana kwenye kioo. Namna kilivyopatikana hatukuigusa.

Uharamia wa michezo hii si jambo la jana. Mashine ya Nintendo DS ilipoenea, walitokea watu waliotengeneza kikadi kidogo kilichojulikana kwa jina la R4. Kilichomekwa mahali pa kikasha halali, na ndani yake mtu aliweza kupakia makumi ya michezo aliyoiteremsha kwenye intaneti bila ya kulipa. Mwezi Februari 2009 mahakama ya Tokyo ilipiga marufuku uuzaji wake, baada ya Nintendo na makampuni mengine zaidi ya hamsini kufungua kesi, na mwaka 2010 Mahakama Kuu ya Uingereza nayo ikatoa hukumu kama hiyo. Mwaka huo huo wa 2010 yalitoka matoleo ya Pokémon Black na White, nayo yalikuwa na mtego wa ajabu. Mchezo ukigundua kuwa ni nakala ya wizi, viumbe vya mchezaji havikui. Anapigana, anashinda, lakini hawapati uzoefu wowote. Wanabaki vile vile walivyo. Haukupita muda maharamia wakaupata ufumbuzi. Ila mimi kila nikiukumbuka mtego ule hulikumbuka neno baraka, na nadhani msomaji amekwisha kunielewa.

Siku hizi hata mashine haihitajiki. Kuna programu ziitwazo emuleta, ambazo huifanya kompyuta au simu ijifanye kuwa ni mashine ya Nintendo, na michezo ya zamani ya Pokémon huchezwa humo kwa wepesi. Emuleta yenyewe ni chombo, na chombo hufuata hukumu ya matumizi yake. Kisu hukata mkate na hukata mfuko wa mtu. Linaloulizwa ni faili la mchezo linalotiwa ndani yake.

Vijana wetu ni werevu, nao wana hoja. Ni vyema tuzisikilize kwa sababu nyingine zina uzito kuliko watu wazima wanavyodhani.

Hoja wanayoanza nayo ni kwamba kunakili si kuiba. Nikichukua ng'ombe wako, wewe huna ng'ombe. Nikinakili mchezo wako, wewe bado unao. Kwa upande wa fiqhi kijana huyu amesema jambo la kweli bila ya kujua: wizi unaowajibisha adhabu ya hadi una masharti yake, miongoni mwayo kitu kitolewe kwa siri mahali pa hifadhi yake na kifikie kiwango maalumu, na kunakili hakuyatimizi. Lakini msitari haukuishia hapo. Katika Hadithi aliyoipokea Tirmidhi, Mtume (S.A.W.) ameeleza kwamba mwenye kuhini amana, mwenye kupora na mwenye kunyakua hawakatwi mkono. Je, kuna mtu aliyewahi kusema kwamba kwa kuwa hawakatwi basi yao ni halali? Kukosekana kwa hadi hakukigeuzi kilichochukuliwa kuwa mali yako. Na aliyepotezewa si yule aliyenyang'anywa kikasha. Ni yule aliyefanya kazi kwa makubaliano kwamba atakayefaidika atalipa. Tajiri na wenzake walihangaika na mchezo ule wa kwanza kwa takriban miaka sita. Kampuni yao, Game Freak, ilikaribia kufilisika na baadhi ya wafanyakazi wakaondoka. Sisi ni umma ulioamrishwa kumpa mwajiriwa ujira wake kabla jasho lake halijakauka. Jasho la mtu aliyekaa mbele ya kompyuta Tokyo nalo ni jasho.

Hapo kijana hujibu kwa hoja ya pili, na hii ndiyo inayonisumbua mimi zaidi kuliko zote: wale si Waislamu, na ni matajiri wakubwa. Nimeisikia hoja hii kwa watoto wa miaka kumi na miwili, na nimeisikia kwa watu wenye ndevu nyeupe. Ndugu zangu, fungueni Sura Aal Imran, aya ya 75. Mwenyezi Mungu (S.W.) anawataja humo baadhi ya watu waliokuwa hawarudishi amana za Waarabu, kwa madai kwamba hawana lawama yoyote juu ya wale wasiokuwa na Kitabu. Akaliita dai hilo kuwa ni kumzulia Mungu uongo. Aya hiyo tunaisoma kila Ramadhani tukidhani inawazungumzia wengine. Je, sisi tukisema kuwa mali ya Mjapani haina mwenyewe, tutakuwa tumetofautiana na wale kwa kitu gani isipokuwa jina?

Tazameni Sira. Usiku wa Hijra makafiri wa Kikureishi walikuwa wamekula njama ya kumuua Mtume (S.A.W.), na nyumbani mwake mlikuwamo amana zao. Alimwacha Ali bin Abi Talib (R.A.) Makka ili azirudishe moja moja kwa wenyewe. Na Mughira bin Shu'ba (R.A.) kabla ya kusilimu alisuhubiana na watu wa ujahiliya, akawaua na kuchukua mali zao, kisha akaja kwa Mtume kusilimu. Bukhari amepokea kwamba Mtume aliupokea Uislamu wake, ama ile mali akasema hahusiki nayo hata kidogo. Mali ile ilikuwa ya washirikina, waliokwisha kufa, na jamii changa ya Madina ilikuwa na njaa. Hata hivyo hakuigusa, kwa sababu ilipatikana kwa hiana. Sasa sisi tunataka kuamini kwamba anaruhusiwa kijana mwenye simu nzuri kuliko ya baba yake?

Ipo hoja ya tatu ambayo ni ya kielimu, nayo inastahiki nafasi yake. Wapo wanaosema kwamba katika Uislamu elimu haina mwenyewe, kwamba wazee wetu walinakili vitabu bila ya kumwomba mtu ruhusa. Ni kweli. Baghdad ya karne ya nne Hijria ilijaa warraqina, watu wa kunakili na kuuza vitabu, na Ibn al-Nadim, mwenye kitabu mashuhuri cha al-Fihrist, alikuwa mmoja wao. Madrasa zetu za mwambao nazo ziliishi kwa vitabu vilivyonakiliwa kwa mkono. Lakini mtu akumbuke kwamba mwenye kunakili wakati ule alilipia kila nakala kwa wiki au miezi ya kazi yake, na kwamba heshima ya mtunzi ililindwa vikali. Imam Suyuti aliandika risala nzima ya kumtofautisha mtunzi na mwizi wa maandishi. Mashine ya kutoa nakala elfu kwa dakika moja haikuwapo, na ndiyo maana suala hili halikupata sura yake hadi zama zetu.

Lilipoipata, wanazuoni walihitilafiana. Mufti Muhammad Shafi wa Pakistani hakuona kwamba haki hii ya mtunzi inaweza kuuzwa kama mali. Mwanawe, Mufti Taqi Usmani, akaja kuitambua. Msingi wa hitilafu ni swali la zamani: je, manfaa yasiyoshikika ni mali? Mahanafi wa mwanzo walisema si mali kwa dhati yake, na jamhuri ya wanazuoni, wakiwamo Mashafi, ambao ndio madhehebu ya mwambao wetu, walisema ni mali. Mwezi Desemba 1988 Baraza la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu, lililo chini ya OIC, lilikutana Kuwait katika kikao chake cha tano, na katika azimio lake namba 43 likapitisha kwamba haki za utunzi, za uvumbuzi na za jina la biashara ni haki za wenyewe, zina thamani ya kifedha inayozingatiwa na sharia, na haifai kuzivamia. Nami naifuata rai hiyo. Asiyeifuata bado ana jambo la kujibu: mnunuzi wa mchezo hununua kwa sharti la kutousambaza, na Waislamu, kama ilivyopokewa, hufungwa na masharti yao.

Na kabla hatujamcheka kijana wa magemu, tujitazame. Kaswida zetu zinanakiliwa kutoka simu hadi simu, na vijana walioziimba hawapati hata nauli ya kurudi kwenye Maulidi. Mawaidha ya masheikh hurekodiwa na mtu asiyehusika akayauza. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya Tanzania ni ya mwaka 1999, na Kenya ina yake ya mwaka 2001, lakini sisi tulikuwa nayo zamani katika aya ya 183 ya Sura ash-Shuaraa, inayokataza kuwapunguzia watu vitu vyao.

Hoja ya umaskini sitaitupa. Toleo la Pokémon Scarlet lilipotoka Novemba 2022 liliuzwa kwa takriban dola 60 za Kimarekani, na najua nyumba ambazo fedha hiyo ni chakula cha mwezi. Fiqhi ina mlango wa dharura, na hata mataifa, yalipokutana Doha mwaka 2001, yalikubaliana kwamba nchi maskini zisizuiwe na hataza kupata dawa za wagonjwa wao. Mwanafunzi asiyeweza kununua kitabu cha masomo amepata huruma kwa baadhi ya wanazuoni wetu kwa sababu hiyo hiyo. Lakini mchezo si dawa wala si kitabu cha darasani. Ni starehe, na starehe haina dharura. Mtoto wa maskini asipoipata hakufa wala hakupungukiwa na dini yake, na michezo inayotolewa bure na wenyewe ipo tele. Hata Pokémon Go huanza bila ya malipo, ingawa ndani yake kuna maduka ya kumvuta mtoto, na mzazi ayaangalie hayo.

Imebaki hoja moja ambayo mbele yake mimi hunyanyua kalamu kidogo. Kijana ananiambia: Sheikh, mchezo ninaoutaka hauuzwi tena popote. Mwaka 2016 Nintendo iliyauza upya matoleo ya kwanza ya Pokémon katika duka la mtandaoni la mashine yake ya 3DS. Tarehe 27 Machi 2023 duka hilo likafungwa kwa wanunuzi. Taasisi moja ya Marekani inayohifadhi historia ya michezo hii, Video Game History Foundation, ilitoa utafiti mwaka 2023 ulioonyesha kwamba asilimia 87 ya michezo iliyotoka nchini humo kabla ya mwaka 2010 haipatikani tena madukani. Yaani mwenye mali ameifungia ghalani, haiuzi, na hataki mtu aiguse.

Wengine wanaipima hali hii kwa mali iliyookotwa. Kipimo hicho hakikai sawa, kwa sababu luqata ni mali isiyojulikana mwenyewe, na huyu anajulikana hadi mtaa wake, ni Kyoto. Mwenye haki hakusema amesamehe. Lakini pia dhara anayoipata ni ndogo mno, maana hakuna uuzaji uliozuiwa. Mimi nitasema hivi: mwenye kikasha chake halali akajitolea nakala ya akiba kwa matumizi yake, kisheria ya dini sioni ubaya. Mwenye kuhifadhi kazi za zamani katika maktaba kwa ajili ya utafiti, ana udhuru mzuri. Ama anayeteremsha mchezo wa zamani usiouzwa ili aucheze nyumbani, huyo yumo kwenye shubuha. Simwiti mwizi, na simwambii kuwa ni halali. Awe mwangalifu tu asiifanye shubuha ya mchezo wa mwaka 1996 kuwa mlango wa kuingilia kwenye mchezo uliotoka wiki iliyopita, maana ndivyo inavyokuwa mara nyingi.

Na makampuni nayo yasikilize, ingawa sidhani kama yanasoma ukurasa huu. Kumuuzia mtu kitu leo, kisha kesho ukamfungia mlango wa kukipata, ni muamala wenye gharari. Mnunuzi hajui amenunua nini na kwa muda gani. Na katika kudai haki kuna mipaka. Mwezi Februari 2022 mahakama ya Marekani ilimhukumu Gary Bowser, mmoja wa watu wa kundi lililouza vifaa vya kuvunjia kufuli za mashine za Nintendo, kifungo cha miezi 40. Juu ya hayo alitakiwa kulipa dola milioni 4.5 katika kesi ya jinai na akakubali milioni 10 katika kesi ya madai. Alitoka kabla ya kutimiza muda wake, akiwa na deni ambalo kwa akili ya kawaida hatalimaliza hata akiishi mara tatu. Alikosa, naam, na biashara ya kundi lake ilikuwa kubwa. Lakini sisi tuna aya ya 280 ya Sura al-Baqara inayosema mdaiwa mwenye dhiki angojewe, na kumsamehe ni bora zaidi. Mwenye haki anaweza kudhulumu kwa haki yake.

Lipo jambo lililotokea mwaka 2024 ambalo nataka wazazi walijue, kwa sababu linaonyesha tabia hii inaishia wapi. Mwezi Oktoba kampuni ya Game Freak ilithibitisha kwamba seva zake ziliingiliwa mwezi Agosti mwaka huo, na taarifa 2,606 za wafanyakazi wake, wa sasa na wa zamani, zikiwamo majina na anwani zao za barua pepe, zilivuja. Pamoja nazo zilienea mtandaoni kazi ambazo hazijakamilika, michoro iliyotupwa, maandishi ya ndani ambayo wenyewe hawakukusudia yaonwe. Wapenzi wa mchezo walifurahi kama watu waliofunguliwa hazina. Wachache mno waliuliza habari za yule mfanyakazi ambaye jina lake limeanikwa. Mtume (S.A.W.) amekemea vikali mtu kuchungulia nyumba ya wenzake bila ya idhini, na Qur'ani imekataza kupeleleza. Mtoto aliyezoea tangu utotoni kwamba kilichomo ndani ya mashine ya mtu mwingine ni chake akiweza kukifikia, atakomea kwenye mchezo? Kesho ni picha za jirani, keshokutwa ni akaunti ya benki.

Ndiyo maana sioni kwamba suala hili ni dogo, wala sioni kwamba mzazi aliyefuta mazimwi na kuacha nakala za wizi amefanya nusu ya kazi. Amefanya sehemu iliyokuwa nyepesi.

Wengi wataniuliza kuhusu yule kijana wa kibandani, maana anatafuta riziki na ana familia. Riziki yake ya kutengeneza simu, kuuza vocha na kuweka programu zinazoruhusiwa ni halali, na naomba Mwenyezi Mungu amzidishie. Anachokipata kwa kujaza simu za watu michezo na filamu asizokuwa na ruhusa nazo ni malipo ya kitu asichokimiliki, na asidanganywe kwamba bei ndogo inakitakasa. Tumweleze kwa upole, na sisi wateja tuanze kwa kutomwomba.

Ama aliyekwisha kuzijaza, na nyumba yake leo ina kadi yenye michezo mia, toba ya haki za watu ina sharti la kuirejesha haki kwa mwenyewe. Afute ile ambayo bado inauzwa. Ule anaoupenda kweli kweli mwanawe, aununue nakala halali uwezo ukiruhusu, na kwa njia hiyo haki itakuwa imemfikia mwenyewe bila ya kuandika barua Japani. Mashine asiivunje, mashine haina kosa. Na kama mtoto anautaka mchezo wa zamani, kuna vikasha vilivyotumika vinavyouzwa mkono kwa mkono na kuagizwa kutoka nje, na kuvinunua ni halali bila ya shaka yoyote, kwa kuwa kikasha kile kilikwisha kuuzwa mara moja na mwenyewe, na sasa kinahama mkono tu bila ya kuzaliwa nakala nyingine. Vingi vya Game Boy vina betri ndogo ndani inayotunza kumbukumbu ya mchezo, na baada ya miaka hii yote huwa imekufa. Fundi wa saa au wa redio anaweza kuibadilisha.

Wallahu a'lam.